Kihispania cha Amerika: nitathibitishaje kwamba sifa fulani imetoka kwenye lugha jirani?

Mtafiti_Mwanagenzi:

Wakuu, salaam.

Naandaa pendekezo la utafiti wa uzamili kuhusu Kihispania kilichokaa na lugha nyingine kwa karne kadhaa. Maandiko mengi yanaorodhesha sifa kama hizi na kuzibandika moja kwa moja kwa lugha jirani:

– *de mi mamá su casa*, "nyumba ya mama yangu" (nyanda za juu za Peru na Bolivia, Kikechua na Kiaimara)
– *dame cerrando la puerta*, "nifungie mlango" (nyanda za juu za Ekuador, Kikechua cha huko)
– *un mi amigo*, "rafiki yangu mmoja" (Guatemala, El Salvador, Kimaya)
– *pan* kutamkwa *pam* (Yucatán, Meksiko, Kimaya)
– kudondosha *s* ya mwisho wa silabi (Karibi na pwani nyingi, husemwa ni Waafrika)
– kutaja *yo, tú, él* mara nyingi mno (New York, Kiingereza)

Pingamizi ninalolitarajia ni moja: kufanana si ushahidi. Basi ushahidi ni upi? Naomba utaratibu ninaoweza kuufuata sifa kwa sifa. Pili, data itabidi iwe ya rikodi na matini zilizopo mtandaoni. Zipi zinafaa, na nihesabu vipi?

---

Pwani_Mchangani:

Mkuu, mtego huu ni wa zamani. Mwishoni mwa karne ya 19 Rodolfo Lenz, Mjerumani aliyekuwa akifundisha Chile, alidai kwamba Kihispania cha watu wa kawaida wa nchi ile kimsingi ni Kihispania chenye sauti za Kimapuche, lugha ya wenyeji wa huko. Mwaka 1939 Amado Alonso akazichambua sifa zake moja moja, akaonyesha kwamba nyingi zinasikika pia sehemu za Hispania na za Amerika ambako Kimapuche hakijawahi kuzungumzwa. Hoja ikaporomoka. Kwa hiyo kila sifa ipitishe kwenye maswali haya, kwa mpangilio huu, maana la kwanza ni la bei rahisi na ndilo linaloangusha madai mengi.

1. Je, ipo mahali ambako lugha hiyo jirani haipo?
2. Je, ilikuwepo Hispania kabla ya safari za Amerika?
3. Je, lugha jirani inayo kweli, kwa umbo lilelile hadi kwenye viungo vyake vidogo? Fungua sarufi ya lugha yenyewe, usitegemee tafsiri ya mtu.
4. Je, wenye lugha mbili wanaitumia kuliko wenye Kihispania peke yake?

Sasa orodha yako.

*Pam* inaangukia swali la kwanza. *M* badala ya *n* mwishoni mwa neno inasikika Yucatán, lakini pia Cali na bonde lote la Cauca kule Kolombia, na huko hakuna Wamaya. Hiyo haimaanishi Kimaya hakina mchango wowote Yucatán. Maana yake ni kwamba huwezi kuitumia sifa hiyo peke yake kama ushahidi.

*Un mi amigo* inaangukia la pili, ingawa si kifo kamili. Kihispania cha enzi za kati kiliruhusu kibainishi na kimilikishi kukaa pamoja mbele ya nomino, na baadaye Hispania ikauacha muundo huo. Lugha za Kimaya nazo zinaruhusu neno la "moja" likifuatiwa na nomino yenye kiambishi cha umiliki. Kwa hiyo dai unaloweza kulitetea ni kwamba mgusano ulisaidia kuhifadhi kitu kilichokuwa kinakufa kwingine. Kuhifadhi na kuzaa ni madai mawili tofauti, na watu huyachanganya kila siku. Tena Paraguay nako wanasema *un mi amigo*, na jirani wa huko ni Kiguarani. Ukisema "Kimaya" tu, mhakiki atakuuliza habari za Paraguay.

*De mi mamá su casa* inahitaji uangalifu, na ndiyo nzuri kuliko zote ulizotaja. Kikechua husema *mamaypa wasin*: *mama-y-pa* ni "ya mama yangu", *wasi-n* ni "nyumba yake". Umiliki unaonyeshwa mara mbili, kwa mmiliki na kwa kinachomilikiwa, na mmiliki anatangulia. Wengi huishia kwenye "mara mbili" na hapo ndipo wanapokamatwa, kwa sababu Kihispania cha zamani kilikuwa na *su casa de mi madre*, nacho ni mara mbili, na namna hiyo bado inasikika sehemu za Meksiko. Kisichokuwa na babu Hispania kama muundo wa kawaida ni kurudufu pamoja na kumtanguliza mmiliki. Kwa hiyo hesabu namna tatu kwa safu tatu tofauti:

a) *la casa de mi mamá*
b) *su casa de mi mamá*
c) *de mi mamá su casa*

Ukiunganisha (b) na (c) kwenye kapu moja la "umiliki maradufu" utapata namba kubwa isiyothibitisha kitu. Hoja yako iko kwenye (c) peke yake.

*Dame cerrando* inapita maswali matatu ya kwanza bila jasho. Kihispania cha kawaida ni *ciérrame la puerta*. Kikechua cha Ekuador kina kitenzi chenye kiambishi *-shpa* kikifuatiwa na kitenzi cha kutoa, kwa maana ya kumfanyia mtu jambo. Sisi tungetumia kauli ya kutendea, *nifungie*. Eneo lake nalo linaafiki: nyanda za juu za Ekuador hadi Nariño, kusini mwa Kolombia. Ila swali la nne litakudanganya hapa. Watu wa Quito wasiojua neno la Kikechua wanaitumia kutwa, kwa sababu imeshakuwa Kihispania cha mji. Swali la nne linafaa kwa sifa inayoingia sasa. Kwa iliyokwishatulia, jibu la "hakuna tofauti" halikanushi asili yake.

Angalizo la kuhesabu: ondoa *dar* ya kutoa kitu halisi. *Me dio llorando la carta*, "alinipa barua huku akilia", haihusiki, maana kuna barua iliyotolewa. *Dame cerrando* haina kinachotolewa.

Ongeza na mfano mmoja wa kukutahadharisha. Uliza *¿Trajiste el libro?* Kihispania cha kawaida hujibu *Sí, lo traje*. Quito utasikia *Sí, traje*, bila *lo*. Utaisikia pia Paraguay, na kwenye Nchi ya Wabaski kule Hispania. Kikechua, Kiguarani na Kibaski havina undugu wowote. Sehemu tatu, majirani watatu, matokeo yaleyale. Huenda kila lugha ilisukuma upande wake, lakini inawezekana pia kwamba vijineno vya yambwa ndivyo vya kwanza kulegea popote watu wengi wanapojifunza Kihispania kama lugha ya pili.

---

Sauti_na_Takwimu:

Nimsaidie kwenye *s* na viwakilishi. Usivitenganishe, maana vimefungamana.

Penye kudondosha *s*, *comes* (unakula) na *come* (anakula) husikika sawa. Kuna waliopendekeza kwamba ndiyo sababu watu wa Karibi wanataja *tú* mara nyingi, ili kuziba pengo. Mwanaisimu Richard Cameron alilinganisha San Juan ya Puerto Rico na Madrid mwaka 1993: viwakilishi vilitajwa takriban asilimia 45 San Juan na 21 Madrid. Lakini masharti yalikuwa yaleyale pande zote mbili. Kiima kinapobadilika kutoka sentensi moja kwenda nyingine, kiwakilishi hutajwa zaidi. Kinapobaki kilekile, huachwa. Yaani viwango vinatofautiana sana ilhali mashine inayoviendesha ni moja.

Kwa msomaji wa Kiswahili hili halihitaji maelezo mengi: *mimi ninakula* na *ninakula* zote ni sahihi, na unajua lini *mimi* inahitajika. Kihispania ni hivyohivyo. Kiingereza ndicho kinacholazimisha.

Sasa New York. Ukikuta Mdominika wa Bronx ana viwakilishi vingi, hujathibitisha Kiingereza, kwa sababu alikuja navyo. Watafiti Otheguy na Zentella walichukua watu wenye asili ya nchi sita (Kolombia, Kuba, Jamhuri ya Dominika, Ekuador, Meksiko, Puerto Rico) wakawatenga wageni na waliolelewa New York. Waliolelewa pale wanataja zaidi kuliko wageni wa asili yao, iwe wa Karibi au wa bara. Hapo ndipo hoja ya Kiingereza inapopata miguu. Hata hivyo, kwa watu wa bara kama Wameksiko kuna msukumo wa pili: majirani wao wa Karibi. Mgusano wa lahaja kwa lahaja unaweza kusukuma upande uleule na mgusano wa lugha kwa lugha, na usipokuwa na safu ya "anakaa na kufanya kazi na nani" huwezi kuutenga.

Namna ya kuhesabu viwakilishi. Chukua kila kitenzi kilichonyambuliwa ambacho kiima chake ni mtu na ambapo kutaja na kuacha vyote vinawezekana. Tazama mfano huu:

*Yo llegué tarde y no encontré a nadie. Él ya se había ido.*

*llegué*: kimetajwa.
*encontré*: kimeachwa, kiima kilekile.
*se había ido*: kimetajwa, kiima kimebadilika.

Kiwango ni vilivyotajwa ukigawanya kwa jumla ya vilivyotajwa na vilivyoachwa, basi. Usigawanye kwa idadi ya maneno. Ondoa *llueve*, *hay*, viima visivyo watu, amri, na vishazi ambamo *que* ndiyo kiima (*la mujer que vino*). Ondoa pia misemo iliyoganda kama *o sea*. Na *tú sabes* ya kujazia maongezi itenge kabisa, maana kwa Wakaribi peke yake inaweza kupandisha kiwango bila sababu ya kisarufi.

Kuhusu *s*: kabla ya kumshika Mwafrika, pitia maswali ya hapo juu. Andalusia, kusini mwa Hispania iliko Sevilla, wanailegeza *s* vilevile, na Chile pia. Nyanda za juu za Meksiko, Bogotá na Andes wanaishikilia. Mwanaisimu Ángel Rosenblat alitania kwamba nyanda za juu wanakula irabu na nyanda za chini wanakula konsonanti. Ramani hiyo inafuata zaidi njia za meli za Sevilla na bandari zilizofungamana nayo kuliko ramani ya lugha yoyote jirani. Kwa hiyo sifa hiyo kwenye orodha yako ni dhaifu.

Ukiihesabu hata hivyo, tumia alama tatu: *s* kamili, mpumuo (*h*), na kimya. Usianze na mbili tu, kwa sababu mpumuo ndio daraja na ndio unaoonyesha mabadiliko yako hatua gani. Rekodi kila mara sauti inayofuata: konsonanti, irabu au kituo. Ondoa *s* inayofuatiwa na *s* nyingine (*los santos*), kwa kuwa huwezi kujua ni ipi unayoisikia. Ondoa na iliyo mbele ya *rr* (*los ricos*), maana hapo hata Madrid huipoteza. Maneno kama *entonces*, *pues* na *más* yawekee kikomo, tuseme matano kwa kila neno kwa kila msemaji. Yakiachiwa yatameza takwimu zote.

Kosa linaloharibu kazi nyingi ni la vifaa. Mkwaruzo wa *s* una nguvu zaidi juu ya hezi 4000. Rikodi iliyosampuliwa kwa hezi 8000, kama sauti ya simu ya kawaida, haina kitu juu ya 4000. *S* iliyotamkwa vizuri kabisa itasikika kama mpumuo, nawe utaandika "imelegea". Fungua faili kwenye Praat, programu ya kuchambua sauti, tazama spektrogramu (picha ya sauti kwa masafa): ikiwa kuna ukingo ulionyooka ambao juu yake ni weupe mtupu, faili hiyo usiitumie kwa *s*. Kwa viwakilishi na umiliki haina shida.

---

Kusini_Kwetu:

Nashangaa mwongozo wote huu haujagusa pande mbili ambazo msomaji wa Kiswahili ana faida nazo.

Ya kwanza ni San Basilio de Palenque, Kolombia, kijiji kilichoasisiwa na watumwa waliotoroka Cartagena. Lugha yao, Kipalenkero, ni krioli (lugha mpya iliyozaliwa kwa mchanganyiko wa lugha) yenye msamiati wa Kihispania na mchango mkubwa wa Kikongo. Wingi wake unaonyeshwa kwa *ma*: *ma ngombe* ni ng'ombe wengi, *ma moná* ni watoto. Hiyo *ma* ni ya ngeli ileile ya *mayai* na *matunda*. Ukanushi wake hukaa mwishoni: *i sabé eso nu*, "mimi silijui hilo". Kikongo nacho hufunga ukanushi kwa neno mwishoni mwa kishazi.

Sasa linganisha. Chocó ya Kolombia, na Jamhuri ya Dominika, watu husema *yo no sé no*. Wapo wanaosema hiyo nayo ni ya Kiafrika. Kwangu madai haya mawili hayalingani kwa uzito. Palenque una furushi zima: wingi, ukanushi, maneno ya nyumbani, na historia ya watu inayojulikana. Jamhuri ya Dominika una sifa moja tu ya sentensi, ambayo msemaji yeyote anaweza kuifikia kwa kurudia *no* kwa mkazo. Hili ningeliongeza kama swali la tano kwenye orodha ya Pwani_Mchangani: sifa imekuja na wenzake, au iko peke yake?

Ya pili ni Guinea ya Ikweta, huru tangu 12 Oktoba 1968, ambako Kihispania kinaishi na Kifang, Kibubi na lugha nyingine za Kibantu. Huko husema *voy en Bata* badala ya *voy a Bata*. Msemaji wa Kiswahili ataelewa mara moja: *niko nyumbani, naenda nyumbani, natoka nyumbani*, mahali panabaki palepale na kitenzi ndicho kinachobeba mwelekeo. Lakini usiandike "Kibantu" ukaondoka. Taja Kifang au Kibubi, na uonyeshe sentensi ya lugha hiyo. Na tahadhari: viambishi vya mahali ni kitu kinachowasumbua wanafunzi wa Kihispania wa kila lugha, kwa hiyo linganisha na makosa ya wanafunzi wasio Wabantu.

*Usted quieres* ya huko, yaani kiwakilishi cha heshima na kitenzi cha *tú*, ningeiacha kabisa. Kukosa upatanisho wa namna hiyo hakuelekezi kwenye lugha yoyote maalumu.

---

Mtafiti_Mwanagenzi:

Shukrani wakuu. Naona nibaki na *de mi mamá su casa* peke yake, namna (a), (b) na (c). Maswali mawili tu: wasemaji wangapi, na ushahidi wa zamani niutafute wapi?

---

Pwani_Mchangani:

Kwa wasemaji, fuata mpangilio wa PRESEEA, mradi wa kurekodi Kihispania cha mijini unaoratibiwa kutoka Chuo Kikuu cha Alcalá: jinsia mbili, rika tatu (20–34, 35–54, 55 na zaidi), elimu ngazi tatu. Hiyo ni vyumba 18. Watu watatu kila chumba ni 54. Faida yake ni kwamba miji mingi imefuata mpangilio huohuo, unaweza kuilinganisha. Hasara yake kwa kazi yako ni kubwa: ni ya mijini, nayo sifa yako ina mizizi vijijini kwa wenye lugha mbili. Lima ina wahamiaji wengi wa Andes, lakini kama faili haisemi mzazi wa msailiwa alizungumza nini, huwezi kumpanga. Angalia taarifa hiyo kabla ya kupakua chochote.

Kwa ushahidi wa zamani, CORDE, hazina ya matini za kale ya Akademia ya Kihispania, inafika hadi 1974. Humo tafuta *su … de* kwa karne ya 13 hadi 16 upate kiwango cha (b) huko Hispania, halafu tafuta (c). Tarajia takataka nyingi, kwa hiyo soma kila tokeo kwa macho. Kwa vijiji vya Hispania ya leo kuna COSER, rikodi za wazee wa mashambani. Ukiikosa (c) humo, swali la kwanza umelijibu kwa data badala ya kwa maneno. Upande wa Andes, muswada wa Guaman Poma, mwandishi mwenyeji wa Peru, wa 1615 uko Maktaba ya Kifalme ya Copenhagen na umewekwa wote mtandaoni pamoja na unukuzi. Mwandishi huyo alikuwa na lugha zote mbili, Kikechua na Kihispania.

---

Sauti_na_Takwimu:

La kuongeza ni kigawanyo. Hesabu tu virai ambavyo mmiliki ni nomino ya nafsi ya tatu. *Su casa* peke yake haina mbadala, iondoe. *Casa de piedra* ni ya kitu kilichotumika, si ya mmiliki, iondoe pia. Mazungumzo ya dakika 45 huwa na virai halali haba, na vingi hujitokeza mada inapokuwa ndugu na jamaa, kwa hiyo anza na sehemu hizo za faili usipoteze wiki kwenye habari za bei na usafiri. Weka safu ya aina ya mmiliki (jina la mtu, ndugu, mnyama, kitu) na ya kinachomilikiwa (ndugu, sehemu ya mwili, mali).

Na safu moja ya ziada: kuigiza. Muundo huu unajulikana sana Peru kama alama ya msemo wa Andes na hutumika kwa dhihaka. Msemaji wa Lima akianza kumwigiza mtu, au kunukuu maneno ya jirani kwa sauti iliyobadilika, atatoa (c) tatu mfululizo ambazo si zake. Ziweke alama na uzitoe kwenye hesabu kuu. Sikiliza sauti yenyewe, maana kwenye unukuzi uigizaji hauonekani.